Aliyeanguliwa Gizani Anaijuaje Bahari?

Mhadhara uliotolewa jioni, Kigoma Mjini, mbele ya wanafunzi wa sekondari, walimu na wavuvi. Umeandikwa kama ulivyosemwa, pamoja na maswali mawili ya mwisho.

Shikamooni wazee wangu. Habari za jioni walimu, na ninyi wanafunzi mliojazana nyuma kabisa kana kwamba nimekuja na jaribio. Ndugu zangu wavuvi mliotoka mwaloni Kibirizi moja kwa moja bila kupitia nyumbani, karibuni. Hiyo harufu ya dagaa msiionee aibu, ndiyo iliyonilipia ada.

Nimeombwa nizungumzie viumbe wa majini, na najua wengi mlitegemea migebuka, au kuhe, au hao dagaa wenyewe. Nimewaletea mgeni. Kasa. Wengine mnamwita kobe wa baharini, sawa tu, ingawa mtu wa pwani akikusikia atakurekebisha. Kobe wa nchi kavu anaingiza kichwa na miguu ndani ya gamba, kasa hawezi. Miguu yake imekuwa makasia. Kutoka hapa hadi anakoishi ni zaidi ya kilomita 1,000, na aliyewahi kupanda treni ya reli ya kati anajua hesabu hiyo kwa mgongo wake.

Mwalimu mmoja amenishika mlangoni sasa hivi akaniuliza, “Kasa anatuhusu nini sisi watu wa ziwani?” Nikamwambia, mwalimu, nipe nusu saa. Mimi naamini hakuna watu Tanzania hii wanaoweza kumwelewa mtoto wa kasa upesi kuliko wavuvi wa dagaa. Na sababu ni moja tu: taa.

Usiku wa giza, ukisimama mahali palipoinuka ukatazama ziwani, unaona mji mwingine umewashwa juu ya maji. Babu zetu walitumia moto wa kuni, zikaja karabai, leo ni taa za betri na sola. Kifaa kimebadilika, kazi ni ileile: kuna kiumbe kule chini, ukimwonyesha mwanga anakuja. Hamumwiti kwa jina, hamumsukumi, anakuja mwenyewe. Sisi tena hata mtaa wetu tumeuita Mwanga. (Kicheko.) Kwa hiyo mkikaa na wazo hilo, kwamba kuna mnyama anayeendeshwa na mwanga bila kuuliza, mmeshaingia nusu ya mhadhara.

Sasa twende ufukweni. Nilikaa kisiwa cha Mafia karibu miaka miwili, nikijitolea kwenye kazi ya kulinda viota vya kasa. Sehemu kubwa ya muda nilikuwa Juani, kisiwa kidogo kilicho mashariki ya Mafia, ambacho upande wake mmoja unatazama bahari kuu. Ukitoka kijijini unakatiza kisiwa kwa miguu, unapita vichaka na mawe ya matumbawe, halafu ghafla ufukwe unafunguka mbele yako. Anayetaga pale zaidi ni kasa wa kijani. Dunia nzima ina aina 7 za kasa. 5 zimeonekana katika maji ya Tanzania, lakini wanaotaga kwetu ni wawili, kasa wa kijani na ng’amba.

Mama anapanda usiku, anachimba shimo kwa miguu ya nyuma, anataga mayai mia moja na kitu, anafukia, anarudi baharini. Basi. Hatarudi kuyaangalia. Watoto wake hatawaona, nao hawatamwona. Mayai yanalala chini ya mchanga takriban miezi miwili, yanapikwa taratibu na joto la jua. Joto hilohilo ndilo linaloamua nani awe dume na nani jike: likiwa juu ya nyuzi 29 au hapo, wengi wanakuwa majike, likishuka wanakuwa madume. Mada hiyo ni ndefu na dunia inavyozidi kupata joto inatia wasiwasi, lakini leo nikiishika sitamaliza.

Ninachotaka muone ni namna wanavyotoka. Mtoto mmoja peke yake hawezi kupanda nusu mita ya mchanga. Wanapanda kwa pamoja. Wa juu wanakwangua dari, mchanga unadondoka, wa chini wanaukanyaga na kuusukuma uende chini yao. Dari linaporomoka, sakafu inapanda. Kundi zima linainuka hivyo siku kadhaa, kama watu waliofungiwa chumbani wakaamua kuibomoa dari na kusimama juu ya kifusi. Wakikaribia juu, kama mchanga ni wa moto, wa mbele wanaacha kusogea na wote wanatulia. Kumbe bado mchana. Mchanga ukipoa wanajua jua limezama, ingawa jua lenyewe hawajawahi kuliona. Hapo wanatoka wote kwa mpigo, kama maji yanayochemka.

Mtoto mmoja ana urefu wa sentimita 5. Uzito wake ni gramu 25 hivi, unaweza kumlaza kwenye kijiko kikubwa cha chakula. Ni usiku. Hana mama, hana aliyetangulia wa kumfuata. Kaa wanamngoja, kunguru watamngoja kukipambazuka. Bahari iko labda mita 30 kutoka pale, na akikosea upande amekufa. Naye hakosei. Ndani ya dakika moja au mbili ameshageuka, anakimbia kwenye maji.

Anajuaje?

Tuulizane kwanza. Nani ana jibu? … Mawimbi, anasikia mawimbi. Sawa. Mwingine? … Ananusa chumvi. … Mzee wangu anasema mteremko, anafuata ardhi inakoshuka. Majibu yote matatu yana akili, na kila moja limewahi kuaminiwa na watu waliosoma sana. Kijana uliyekaa karibu na swichi, hebu tuzimie taa kidogo.

Haya. Nani ametazama ukutani? Hakuna. Nani ametazama dari? Hakuna. Ukumbi mzima mmegeuza shingo mlangoni, kwa sababu kule nje jua linazamia upande wa Kongo na bado kuna mwanga kidogo juu ya ziwa. Sikuwaambia mtazame mlango. Jicho limekwenda lenyewe kabla akili haijaulizwa. Tuwashie, ahsante.

Mtoto wa kasa anafanya hivyohivyo kwa mwili mzima. Kwenye ufukwe ambao haujaguswa, upande wa bahari uko chini na uko wazi, na maji yanarudisha mwanga wa nyota na wa mwezi. Upande wa nchi kavu umesimama: kuna tuta la mchanga, kuna vichaka, kuna miti, vyote vinameza mwanga. Kwa hiyo mnyama yule hana haja ya kuijua bahari. Anahitaji kujua mambo mawili tu: nenda kwenye mwanga ulio chini, na kimbia giza lililosimama. Mwaka 1922 mtaalamu aliyeitwa G. H. Parker alishaandika kwamba watoto wa kasa wanaugeuzia mgongo upeo uliozibwa na vitu na kuelekea upeo ulio wazi. Baadaye, miaka ya 1960 na 1970, Nicholas Mrosovsky wa Toronto na wenzake wakalipima jambo hilo kwa makini zaidi.

Kuna jaribio moja la watafiti hao wa macho ambalo nalipenda kwa sababu halina mashine wala gharama. Unachukua mtoto wa kasa, unamfunika jicho moja, unamweka mchangani. Haendi baharini. Anazunguka. Anazunguka akigeukia upande wa jicho lililo wazi, duara baada ya duara, kama mtumbwi unaopigwa kasia upande mmoja tu. Masikio yako wazi, pua iko wazi, mteremko uko palepale chini ya tumbo lake, na vyote hivyo havimsaidii. Ina maana anachofanya ni kulinganisha: jicho la kulia linapata mwanga kiasi gani, la kushoto kiasi gani, na mwili unageuka mpaka mizani ikae sawa. Mizani ikikaa sawa, mbele yako ndiko kunakong’aa. Songa.

Tena si kila mwanga. Macho yake yanaushika zaidi mwanga wa rangi za urujuani, buluu na kijani, hata ile miale ya urujuanimno ambayo sisi hatuioni. Mwekundu anauona kwa shida. Na kuna jambo la pili ambalo wavuvi mtalifurahia: hatazami juu. Kushoto na kulia anakusanya mwanga wa upana mkubwa, karibu nusu duara, lakini kwenda juu anahesabu tu kamba nyembamba iliyo karibu na upeo. Fikirini mngemtengeneza ninyi. Mkimwambia “fuata kinachong’aa zaidi,” mwezi ukiwa juu ya minazi watoto wote wanakwenda porini. Huyu hadanganywi na mwezi uliopanda, kwa sababu haumo kwenye kipimo chake. Anauliza tu: upeo wa chini, kwa ujumla, unang’aa zaidi upande gani?

Sasa niungame.

Mwezi wa saba, Juani, usiku hakuna mwezi. Tumekaa watatu kando ya kiota, mimi, kijana wa kijijini, na mzee aliyekuwa mlinzi wa ufukwe ule. Sheria ya kwanza niliyofundishwa ni kwamba tochi haiwashwi. Kiota kikachemka karibu saa tatu usiku. Huoni kitu, unasikia tu, mkwaruzo mdogomdogo kama mtu anayepepeta mchele chumba cha pili. Wakatupita, wakashuka kuelekea maji. Mimi nikasimama, kandambili ikakatika, nikainama kuitafuta, na mkono ukafanya ulichozoea. Nikawasha tochi ya simu.

Nilikuwa nimesimama juu yao, upande wa vichaka. Nikawaona kumi, kumi na watano, wameshafika nusu ya njia, wanasimama. Halafu wanageuka. Taratibu kwanza, kama watu walioitwa majina. Kisha wakaja kwangu mbio, wakipanda mchanga walioushuka, mmoja akapanda juu ya mguu wangu akaendelea kupiga makasia palepale juu ya ngozi, shap shap shap, kama anaogelea. Mzee akanipiga kofi la mkono, simu ikaanguka kifudifudi mchangani. Alichosema sitakirudia mbele ya wanafunzi.

Taa ilipozimika hawakugeuka mara moja. Walizubaa. Hilo watu hawalisemi: mwanga wa uongo hauondoki na swichi, macho yanachukua muda kuzoea giza tena, na muda ule wanatembea ovyo. Tukakaa kimya, mmoja baada ya mwingine wakaanza kushuka. Asubuhi tulirudi kuhesabu nyayo. Wawili tuliwakuta chini ya kichaka, mita chache kutoka nilipokuwa nimesimama, wamekauka kama dagaa waliosahauliwa juu ya chanja.

Hiyo ni simu moja, sekunde chache. Wekeni mahali pake hoteli yenye taa nyeupe za bustani zinazowaka mpaka asubuhi, au barabara ya ufukweni yenye nguzo za umeme. Watoto wanatoka kwenye mchanga wakiwa na nguvu zote, wanafanya kila kitu sawasawa kama walivyoumbwa, na usahihi huo ndio unaowapeleka kwenye maegesho ya magari. Mtu akiniambia “kasa wanapotea kwa sababu ya taa,” huwa nambishia. Kasa hajapotea. Sisi ndio tumeihamisha alama ya njia.

Na hapa wavuvi naomba mniambie ninyi. Mwezi ukiwa mpevu, mnakwenda kuvua? … Hamwendi. Kwa nini? … Mmesikia wanafunzi? Anasema, “Mwezi ukijaa, taa yako haina thamani.” Dagaa hawakusanyiki, maana ziwa zima limeshakuwa taa. Ndiyo maana boti zinapumzika, nyavu zinashonwa, watu wanasubiri giza liingie. Sasa sikilizeni: watafiti wa Florida kule Marekani, Michael Salmon na Blair Witherington, mwaka 1995 walionyesha jambo hilohilo kwa watoto wa kasa. Usiku wa mbalamwezi, taa za mjini zinawapotosha kidogo sana kuliko usiku wa giza, kwa sababu mwanga wa mwezi uliotapakaa unaifunika taa. Walihitaji kulifanyia utafiti. Kibirizi mnalijua tangu enzi za moto wa kuni, na hakuna aliyewapa cheti.

Tumwache ufukweni, amefika kwenye maji. Wimbi la kwanza linamchukua. Hapo mwanga umemaliza kazi yake, au tuseme umebakiwa na kazi ndogo. Mtoto aliye majini kichwa chake kiko sawa na uso wa maji; wimbi likiwa mbele yake haoni kitu. Na bado anaogelea moja kwa moja kuelekea mbali na nchi kavu, anaogelea karibu siku nzima mfululizo bila kupumzika ipasavyo, akila akiba ya kiini cha yai aliyobaki nayo tumboni. Lazima aondoke kwenye maji ya pwani upesi, maana ndiko samaki wakubwa na ndege walikojaa.

Safari hii anafuata mawimbi. Karibu na pwani mawimbi yanakuja kuelekea nchi kavu, karibu kila siku, karibu kila mahali. Ukiyaelekea, unakwenda baharini. Nimesema karibu kila siku. Florida kina Kenneth Lohmann na Salmon waliwajaribu watoto wa kasa baharini katika siku zile chache ambazo mawimbi yalitoka upande usio wa kawaida, nao wakayaelekea hivyohivyo, hata yalipowarudisha nchi kavu. Sheria ni sheria.

Lakini gizani, chini ya maji, wimbi linatoka wapi? Wanafunzi, chukueni hili mkajaribu wenyewe ziwani mkiogelea, tena pasipo mamba. Ukilielekea wimbi, linakufanyia mambo manne kwa mpangilio: linakuinua, linakusukuma nyuma, linakushusha, linakuvuta mbele. Unachora duara. Ukiligeuzia mgongo, mpangilio unabadilika: linakuinua, linakusukuma mbele, linakushusha, linakuvuta nyuma. Likija ubavuni, unapelekwa kushoto na kulia. Anayejua mpangilio hahitaji macho.

Mwaka 1995 Lohmann na wenzake walitengeneza mashine ya kuthibitisha hilo. Walimvisha mtoto wa kasa kijifuko cha kitambaa, wakamning’iniza hewani, maabara, hakuna tone la maji, giza. Mashine ikamzungusha kama wimbi linavyomzungusha. Yule mtoto, hewani pale, akaanza kuogelea. Mashine ikiiga wimbi la kulia, anapiga makasia kwa namna ya kugeukia kulia. Ikiiga la kushoto, anageukia kushoto. Ikiiga wimbi la mbele, anakwenda mbele moja kwa moja. Huwa namfikiria mnyama huyo, amevaa kitambaa, ananing’inia chumbani, anavuka bahari ambayo haipo.

Wimbi nalo lina mwisho wake. Ukiingia bahari kuu, mawimbi hayana tena adabu ya kuelekea pwani, yanafuata upepo. Na mwanga wa nchi kavu umeshapotea nyuma. Kinachomshika sasa ni dira, nayo imo kichwani mwake.

Mwaka 1991 Lohmann alitoa matokeo ya jaribio la watoto wa kasa wa kichwa kikubwa, wale wanaotaga kwa wingi Florida. Aliwafunga kwa kamba ndani ya beseni kubwa la maji, chumba cha giza, akawawashia taa hafifu upande wa mashariki, maana pwani ile ya Marekani bahari iko mashariki yao kama ilivyo kwetu Juani. Wakaogelea kuifuata. Kisha akazima. Giza totoro, maji yametulia, wakaendelea na upande uleule. Beseni lilikuwa limezungukwa na nyaya zinazoweza kugeuza usumaku wa dunia. Akaugeuza. Nao wakageuka.

Mimi jambo linalonitoa jasho si hiyo sumaku. Ndege wanayo, wadudu wanayo. Linalonitoa jasho ni makabidhiano. Dira inakuambia kaskazini iko wapi. Haikuambii bahari iko wapi. Mtoto wa Florida anatakiwa kwenda mashariki, mtoto wa kasa aliyezaliwa pwani ya pili ya bahari hiyohiyo anatakiwa kwenda magharibi. Nani anampa upande? Ufukwe. Zile mita 30 za kukimbilia mwanga, na yale mawimbi ya kwanza, ndivyo vinavyoweka dira yake: huku ndiko, shika hapohapo. Mwanga unampokeza wimbi, wimbi linampokeza sumaku, kama vijana wa mbio za kupokezana vijiti, na kijiti kikianguka kwenye mkono wa kwanza hakuna wa pili. Ndiyo maana watunza viota wenye uzoefu hawapendi mtu aliyejaa huruma anayewabeba watoto kwenye ndoo na kuwamwaga majini. Anaona amewaokoa na kaa. Nakubali, kaa amekosa chakula. Lakini mtu huyo hajui amemnyang’anya nini yule mtoto.

Mwaka 2001 kundi hilohilo la Lohmann lilikwenda mbele zaidi. Waliwapa watoto ambao hawajawahi kugusa bahari usumaku wa sehemu tatu za Atlantiki, kila kundi sehemu yake. Wa karibu na Florida kaskazini, wakaogelea mashariki kidogo kusini. Wa karibu na Ureno, wakaenda kusini. Wa ukingo wa kusini wa mkondo mkubwa wa bahari hiyo, wakaenda magharibi kidogo kaskazini. Chukueni ramani mchore mishale hiyo mitatu: inawabakiza ndani ya mkondo wa maji ya uvuguvugu unaozunguka Atlantiki ya kaskazini. Wakiponyoka kaskazini ya Ureno, baridi inawaua. Mtoto wa gramu chache amezaliwa na ramani ya mahali pa hatari ambapo hajafika.

Akiponea, na makadirio yanayotajwa zaidi ni mmoja kati ya elfu, jike atakaa baharini miaka 20, 30, wengine zaidi, kabla ya kutaga. Kisha atarudi kutaga sehemu alikozaliwa. Sehemu, sijasema shimo lilelile. Inaonekana kila kipande cha pwani kina alama yake ya kisumaku na mtoto anaondoka nayo.

Dawa ya taa ni rahisi hadi inachosha kuitaja. Zima isiyo na kazi. Inayobaki ishushe, izibe upande wa bahari, tumia rangi nyekundu au ya kaharabu ambayo kasa haioni vizuri. Niliwahi kumweleza hivyo meneja wa hoteli moja ya pwani, sitaitaja. Alinisikiliza kwa heshima mpaka mwisho, akasema taa nyekundu zitawafanya wageni wadhani ni baa.

Maswali? Mama yangu, karibu.

“Huyo kasa analiwa?”

Wapo wanaomla, mama, na sheria yetu inakataza. Lakini hata sheria ingeruhusu, mimi nisingekula. Nyama ya kasa mara nyingine ina sumu, haitabiriki, haionekani kwa macho, na kuchemsha hakuiondoi. Machi 2024, kisiwa cha Panza huko Pemba, walikufa watoto 8 na mtu mzima 1 baada ya kula kasa. Wengine kadhaa wakalazwa. Mwaka 2021 Pemba hiyohiyo walikufa watu 7. Watoto ndio wanaoanza.

La mwisho, mzee wangu wa Kibirizi.

“Mwalimu, tukimleta hapa mtoto huyo, usiku, tukamweka pale kwetu ufukweni, atakwenda wapi?”

Mzee, swali hilo hakuna aliyelijaribu, na ukilijaribu maliasili watakuja kwako, kwa hiyo chukua kama mawazo yangu tu. Ukimweka Kibirizi, taa za sokoni zikiwaka nyuma, atakuja sokoni. Tutamkuta asubuhi kwenye mafungu ya dagaa. Ukimpeleka mbali na mji, ufukwe mtupu, usiku wa giza, nadhani ataliendea ziwa bila shida yoyote. Milima yetu imesimama nyuma yake, nyeusi; maji yako chini, yana mwanga; ile ya Kongo iko mbali mno kumziba. Ataingia majini, ataonja, atashangaa chumvi imekwenda wapi, lakini hatarudi. Atayaelekea mawimbi. Dira yake itakuwa imeshawekwa: magharibi. Na kama hatakutana na boti zenu njiani, maana taa zenu, mzee wangu, zitamwita kama zinavyowaita dagaa, atashika magharibi usiku kucha na kesho yake mchana kutwa. Wanakwenda kilomita moja na kitu kwa saa. Kongo ni kama kilomita 50. Siku mbili hivi, bila pasipoti.

Na akifika kule atakuta mawimbi yamemsukuma kutoka nyuma, mchanga mbele yake, na juu ya mchanga milima myeusi. Macho yatamwambia geuka. Dira itamwambia magharibi. Mimi namwona pale, pua imegusa mchanga wa Kongo, makasia bado yanapiga.